Msichana Asiyesema Neno

Siku ya mbio kubwa za farasi, mwezi wa saba mwaka 2013, Atuganile aliingia mtaa wa Greyville, Durban, kwa miguu na kwa hasira. Taxi ilimshusha mbali kwa sababu askari walikuwa wamefunga barabara zote zinazoelekea uwanjani, na kila alipojaribu kupita alikutana na kofia. Kofia za manyoya, kofia za maua, kofia pana kama sinia za pilau, na chini yake wanawake waliokwisha kuvua viatu virefu mchana kweupe wakipepesuka na kuomba radhi. "Sorry, sisi! Sorry, my darling!" Sisi kwao ni dada, lakini Atuganile hakuwa na nafasi ya kumsamehe mtu. Kifuani alikuwa amekumbatia mfuko wa nailoni wenye riwaya nzima ya Zohaib, karatasi juu ya karatasi, naye alikuwa ameisoma mpaka nukta ya mwisho.

Zohaib alikuwa nyuma ya kaunta ya duka la simu la baba yake mdogo, mikono ya shati ameikunja mpaka kwenye viwiko, anamtafutia mteja chaja. Alipoinua uso na kumwona, macho yale yenye kope ndefu yakawaka. Moyo wa Atuganile ukaruka, kama kawaida yake, na hilo likamwudhi zaidi. Alikuwa amekuja kugombana. Hakuwa amekuja kutazamwa.

"Atu! Umesoma?"

"Nimesoma."

"Yote?"

"Yote."

Zohaib akamrudishia mteja chenji bila hata kuitazama. "Basi sema. Iko namna gani?"

Atuganile akautua mfuko juu ya kioo cha kaunta. "Zohaib, mimi nanukia udongo?"

Pembeni, kwenye meza ndogo ya ufundi, Honoré aliacha kufungua simu aliyokuwa anaitengeneza. Honoré alikuwa Mkongo wa Bukavu, mtu mzima mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, na dukani mle hakuna neno lililompita.

"Unanukia nini?" Zohaib aliuliza.

"Udongo. Umeandika hapa, pale msichana anapotokea mara ya kwanza. Ananukia udongo uliolowa mvua. Mimi ninayeoga asubuhi na jioni, ninayenunua losheni kuliko chakula! Nauliza tu, maana pengine mimi mwenyewe sijisikii."

"Lakini yule si wewe. Yule ni mhusika."

"Ana kovu kwenye nyusi kama langu. Anapanga chumba cha uani Glenwood kama mimi. Anacheka amefunika mdomo, kama mimi. Isipokuwa yeye anauza maparachichi kwenye beseni, anatembea peku, na eti anaitwa Malaika."

"Malaika ni jina nzuri."

"Jina zuri! Na ni jina analochagua mtalii!"

Mlango ukasukumwa. Mama mmoja mwenye unyoya mwekundu kichwani uliogusa fremu ya mlango alitaka muda wa maongezi, thirty rand, haraka, mume wake amepotea kwenye mahema. Zohaib akamhudumia huku anamtazama Atuganile kwa pembe ya jicho. Atuganile akatazama dari. Mama wa unyoya alipotoka, Atuganile aliendelea pale pale alipoishia.

"Hilo la udongo ningelimeza. Hata maparachichi ningeyameza. Lakini riwaya nzima, Zohaib, hasemi neno. Nimetafuta. Anatabasamu. Anaimba puani. Anatazama mawimbi. Akiulizwa swali anashusha macho. Mimi! Lini umeniona nimeshusha macho?"

"Hapo iko ukweli, patron," Honoré alisema kutoka mezani. "Huyu dada hashushake macho hata kwa polisi."

"Honoré, tafadhali," Zohaib alisema.

"Mimi niko nasema tu."

Atuganile hakucheka. Alikuwa anakumbuka siku waliyoonana, miaka miwili nyuma, alipoingia duka hili hili na simu iliyovunjika kioo na vitabu vinne kwapani. Vilikuwa riwaya za Wapakistani walioandika kwa Kiingereza. Alikuwa ametoka Tukuyu kuja kusoma shahada ya pili pale chuo kikuu juu ya kilima cha Glenwood, na utafiti wake ulikuwa juu ya waandishi hao na lile swali linalowafuata kila wanapokwenda: ukiandika kwa lugha ile, wewe ni nani, na ni wa nani? Kijana wa nyuma ya kaunta alivitazama vile vitabu, akamtazama yeye, akamwuliza kwa Kiswahili chenye lafudhi ya Bukavu, "Dada, nani amekupa hii adhabu?" Alidhani masikio yanamdanganya. Kumbe Zohaib, mzaliwa wa Multan kule Pakistani, alifundishwa Kiswahili na Honoré na wateja wa dukani, na kila jioni baada ya kufunga duka alikuwa anaandika riwaya kwenye kompyuta ya ofisini. Siku ile alimwambia kitu ambacho Atuganile hakukisahau. "Kule London wachapishaji wanataka kwetu vitu vitatu tu, bomu, embe na mwanamke wa shela. Mimi sitawapa hata kimoja." Alikisema macho yamemtoka, ngumi mezani, na Atuganile akajua kwamba hapo amekwisha.

"Uliniambia hutaandika maembe," alimwambia sasa. "Na kweli, umetimiza. Umeandika maparachichi."

Neno hilo lilimchoma Zohaib. Alijishika kichwa kwa mikono miwili.

"Si mimi," alisema. "Yaani ni mimi, lakini sikiliza. Mara ya kwanza alikuwa anaongea. Alikuwa anaongea kama wewe, bila kituo. Alikuwa mwanafunzi, anasoma vitabu vya kwetu, anamcheka yule kijana. Nikapeleka London. Mhariri akaandika kwamba anapenda lugha, anapenda Durban, anapenda bahari, lakini msichana haaminiki."

"Haaminiki vipi?"

"Msichana kutoka kijijini Tanzania anayekuja Afrika Kusini kusoma riwaya za Pakistani. Alisema hakuna msomaji atakayekubali kwamba mtu wa namna hiyo yuko."

Atuganile alimtazama, akajitazama, akamgeukia Honoré kama anayetafuta shahidi. "Mimi nimesimama hapa. Miguu inaniuma. Halafu siaminiki?"

"Mimi najua uko!"

"Unajua, lakini umenifuta."

"Nimechoka, Atu!" Sauti ya Zohaib ilipanda mpaka mpita njia mmoja akachungulia. "Wewe unajua mimi niko mtu gani hapa? Wahindi wa Durban, ambao mababu zao walizaliwa hapa, wananiambia mimi si mwenzao. Wazulu wananiita Mhindi. Msikitini wananiambia nimekuwa Mzungu sababu naandika Kiingereza. London nao wanasema sina Upakistani wa kutosha, niongeze. Niongeze wapi? Nimekuwa supu? Miaka na miaka napeleka, wanarudisha. Akatokea mtu mmoja amesema tutachapa, lakini badilisha hapa na hapa. Nikabadilisha. Ungefanya nini?"

"Ningekasirika."

"Nilikasirika. Kisha nikabadilisha." Akamnyooshea kidole. "Na wewe usijifanye malaika. Sura ya nne."

"Sura ya nne ya nini?"

"Ya tasnifu yako! Uliichapa hapa hapa kwenye printa yangu. Ulifikiri sitasoma? 'Z., muuza simu wa Greyville, ni mfano hai wa mwandishi aliyepotea kati ya lugha na lugha.' Mfano hai! Kama kuku wa maonyesho. Mimi nimepotea wapi, Atu? Niko dukani kila siku tangu asubuhi. Mtu akinitaka ananipata."

"Anakupata, hiyo ni kweli," Honoré aliunga mkono.

Uso wa Atuganile ukawaka moto. Sentensi ile aliipenda. Msimamizi wake aliipigia mstari na kuandika pembeni kwamba ni nzuri sana. Wakati anaiandika hakumwona Zohaib huyu, mwenye wino kidoleni na njaa ya mchana usoni. Aliona hoja.

"Nitaifuta," alisema kwa sauti ndogo.

"Usifute. Profesa wako ameipenda."

Nje vuvuzela zilikuwa zinalia, na mtangazaji wa uwanjani alikuwa anasema jambo kwa kipaza sauti ambalo halikusikika vizuri. Wangeweza kuishia hapo. Walikuwa wamekwisha kugombana mara nyingi kuhusu vitabu, na siku zote mmoja aliishia kucheka, wakala samosa za duka la pili, mambo yakaisha. Lakini leo Atuganile alikuwa na jambo jingine, lile lililomtoa usingizi hasa, na alijua kwamba asipolisema sasa hatalisema tena.

"Na mwisho?" aliuliza.

"Mwisho gani?"

"Mwisho wa riwaya. Kijana anamwacha Malaika gatini, anarudi kwao, anamwoa binamu yake. Hilo nalo ni la London?"

"Ndiyo. Alisema msomaji anataka arudi kwao. Eti nyumbani ndiyo nyumbani."

"Una binamu, Zohaib?"

Honoré ghafla aliona skrubu iliyodondoka chini ya meza, akainama kuitafuta, na hakuinuka.

"Kila mtu iko na binamu."

"Binamu anayekusubiri."

Zohaib alichukua kava la simu, akalirudisha mahali pake, akalichukua tena. "Hayo ni maneno ya akina mama tu. Wanapanga tangu tuko watoto. Mimi sijawahi kukubali."

"Anaitwa nani?"

"Atu, inasaidia nini?"

"Kwenye riwaya naye hana jina. Angalau huku awe nalo."

"Mehwish," alisema. "Ni mwalimu. Ni mtu mzuri. Sina shida naye."

"Na mama yako umemwambia kuhusu mimi?"

Swali hili lilikuwa na umri sasa. Kwanza jibu lilikuwa baada ya kitabu. Halafu baada ya Idi. Mbele ya baba yake mdogo, mwenye duka, ambaye siku hiyo alikuwa amekwenda Jacobs kuchukua mzigo ghalani, Atuganile alikuwa ni mteja. "Huyu mteja," Zohaib alisema kila mara mzee alipotokea, na Atuganile akanunua kava la simu asilolihitaji. Chumbani kwake Glenwood alikuwa na droo imejaa makava.

"Ramadhani inaanza wiki hii," Zohaib alisema. "Mama anafunga, presha inampanda. Ikishapita..."

"Mimi nilimwambia baba yangu," Atuganile alimkatiza. "Mchungaji wa Moravian, Zohaib, aliyewafungisha ndoa nusu ya watu wa Tukuyu. Nilimpigia, nikamwambia nampenda Mwislamu wa Pakistani anayeuza simu. Unakumbuka alichofanya? Alikata simu. Mama akaniambia Krismasi nisiende. Nikaila Krismasi kwa Honoré na mkewe Félicité, nalia juu ya fufu ya watu. Mpaka leo baba ananisalimia kwa kupitia kwa mama. Mimi nimelipa. Wewe bado unaniita mteja."

"Nitaiandika upya." Zohaib alinyoosha mikono juu ya kaunta kutafuta vidole vyake. "Nitamrudishia maneno yake yote. Nitarudisha ule mwisho wa kwanza, ambapo kijana anabaki. London wakikataa, wakatae."

Atuganile aliiondoa mikono yake.

"Sitaki uniandike vizuri! Hujanielewa? Andika utakavyo, kitabu ni chako. Mama yako anasoma Kiingereza?"

"Hapana. Anajua maneno machache."

"Basi unaweza kuniandika mpaka mkono ukatike, yeye hatajua kwamba nipo. Wanaoweza kusoma wameshasema siaminiki. Anayetakiwa kujua hawezi kusoma. Kwa hiyo mimi nipo wapi, Zohaib? Nionyeshe mahali nilipo."

Zohaib alimtazama tu, na macho yale mazuri yalikuwa na woga wa mtoto aliyeitwa mbele ya darasa. Atuganile alingoja kidogo, kisha akaona aibu kwa kungoja. Akaweka mkoba begani. Mfuko wa riwaya aliuacha juu ya kioo. Alipofika mlangoni alikuwa tayari anafikiria atakavyomwambia mama yake kwamba yamekwisha, na jinsi mama atakavyojitahidi asionyeshe furaha.

"Simama."

Hakugeuka.

"Atuganile. Simama, nakuomba."

Aligeuka. Zohaib alikuwa ameshika simu yake sikioni. Honoré akainuka kutoka chini ya meza, akapita kimya, akafunga mlango na kugeuza kibao kionyeshe kwamba duka limefungwa. Wasichana wawili wenye kofia walibisha kwenye kioo. Akawaonyesha kwa mkono waende.

Simu ikapokewa. Zohaib alisema "Ammi," kisha akaanza kuongea kwa lugha ya kwao. Atuganile hakuelewa kitu. Aliisikia sauti ya mama kwa mbali, imechangamka, sauti ya mtu aliyekatizwa kupika na kufurahia kukatizwa. Akamwona Zohaib anapumua. Akasikia neno Durban. Halafu akasikia jina lake, lote, Atuganile, limetamkwa polepole bila kuchechemea.

Ile sauti ya mbali ikazimika.

Zohaib aliendelea. Mara akasikika akisema Mehwish, akatikisa kichwa kana kwamba mama anamwona. Ndipo mama akaanza. Maneno yalikuja kwa kasi, juu, juu zaidi, mpaka yakawa kama kitambaa kinachochanwa. Zohaib hakumkatiza. Alifumba macho, akarudia sentensi moja mara mbili, ile ile, kwa upole. Kisha akaitoa simu sikioni, akaiangalia.

"Amekata," alisema.

"Amesema nini?"

"Amesema nimemuua."

Zohaib akakaa juu ya katoni la chaja. Alijaribu kujizuia, akashindwa. Alilia kama wanaume wengi wanavyolia, bila sauti, mabega tu yakitikisika. Uwanjani farasi walikuwa wametolewa, na kelele za maelfu ya watu zikapanda na kupita juu ya paa.

Atuganile alisimama pale pale mlangoni. Hiki ndicho alichokitaka kwa miaka miwili, na sasa amekipata hakuwa na pa kukiweka. Angeweza kusema pole. Angeweza kusema karibu, ndivyo ilivyokuwa kwangu. Hasira ilikuwa bado ipo, aliihisi, lakini ilikuwa imechoka na haikujua imrukie nani. Akainua ubao wa kupitia wa kaunta, akapita, akaenda upande wa pili. Tangu waanze kupendana hakuwahi kuvuka kwenda nyuma ya kaunta ile. Akachuchumaa mbele yake, akamshika magoti.

"Ile sentensi uliyorudia," aliuliza, "ulikuwa unasema nini?"

"Nilisema sirudi kuoa. Nilisema mtu ninayemtaka iko hapa."

"Yuko hapa."

"Yuko hapa," Zohaib alirudia, na katikati ya machozi akatoa kicheko kidogo kilichovunjika. "Hata leo utanisahihisha?"

"Leo hasa."

Alimfuta uso kwa kiganja. Ulikuwa na joto kama wa mwenye homa. Walikuwa karibu mno, pumzi kwa pumzi, na Honoré, mtu mwenye heshima zake, alikuwa ameugeukia ukuta.

Ndipo simu ikaanza kutetemeka juu ya kioo.

Wote watatu wakaitazama. Kwenye skrini liliandikwa neno moja, Ammi.

"Siwezi," Zohaib alisema. "Akinilaani sasa hivi, nitakufa kweli."

Simu ililia mpaka karibu na mwisho. Atuganile akainyakua kabla hajapata muda wa kujiuliza.

"Hello," alisema.

Kwenye laini kulikuwa na feni inayozunguka, na sufuria lililofunikwa mahali fulani, na pumzi ya mwanamke mzima aliyekuwa analia muda si mrefu uliopita.

"Nani?" mama aliuliza, kwa Kiingereza cha kuokoteza neno moja moja.

"Atuganile, mama."

Feni ilizunguka, ikazunguka. Alijiandaa kutukanwa. Alijiandaa hata kujibu, na maneno alikuwa nayo, hakuwahi kuyakosa. Zohaib alikuwa amemshika kiwiko kwa nguvu iliyomwumiza.

"Yeye analia?" mama aliuliza.

Atuganile alimtazama Zohaib.

"Ndiyo, mama. Analia."

Kule Multan mtu alivuta pumzi ndefu, akaishusha. Ilikuwa ni pumzi aliyoijua, pumzi ya mwanamke aliyechoshwa na mwanamume yule yule anayempenda.

"Mpe maji," mama alisema. "Halafu mpe simu."

Atuganile akailaza simu juu ya kioo, bila kuikata, akaenda kutafuta maji.